Behewa nimpigie nani?

Hajati anauza masufuria, mabirika na chupa za chai pale Kikuubo, katika ule uchochoro wa Kampala ambao ukisimama bila kununua kitu wapagazi wanakusukuma kwa bega. Siku niliyompitia alikuwa ameketi juu ya robota la sahani za bati, simu sikioni, akiongea na dereva wa lori lililobeba kontena lake kutoka Mombasa. Dereva alikuwa Eldoret. "Umekula?" alimuuliza kwanza, habari za mzigo zikafuata. Kesho mchana Malaba mpakani, keshokutwa usiku Kampala, Mungu akipenda. Alipokata simu nikamchokoza: Hajati, mbona hupakii kwenye reli, si wanasema ni nafuu?

"Mwanangu," akasema, "lori nina namba ya dereva, nina namba ya utingo wake, na tajiri mwenye gari namjua mpaka kwake. Behewa nimpigie nani?"

Hakuwa anatania. Miaka kadhaa nyuma yeye na jirani yake walichanga kontena la vigae, wakala mmoja akawashawishi walipitishe kwenye reli. Likachukua wiki tano. Halikuibwa, treni haikuanguka, na kwa kadiri walivyojua hakuna aliyedai kitu kidogo. Lilikuwa limeegeshwa tu mahali fulani njiani, na katika watu wote waliokuwa wakilipwa mshahara kwa ajili ya safari ile hakupatikana hata mmoja ambaye kumpa habari mwenye mali kulikuwa kazi yake. Jirani alilipa kampuni ya meli faini ya kuchelewesha kontena, wakagawana hasara, na hapo ndipo Hajati alipoachana na reli.

Tangu tarehe 14 Oktoba 2024, serikali ya Uganda ilipotia saini mkataba wa kujenga reli mpya na kampuni ya Yapı Merkezi ya Uturuki, mazungumzo yetu yote ni ya chuma. Kilomita 272 kutoka Malaba hadi Kampala. Euro bilioni 2.7. Umeme badala ya dizeli, geji, yaani upana kati ya vyuma viwili vya reli, ya milimita 1,435 badala ya ile ya 1,000 tuliyorithi. Wahandisi wanaitwa redioni na wanaeleza vizuri, sina ugomvi nao. Ila nikiwasikiliza nakumbuka robota la sahani. Reli ya nchi hii haikuporomoka kwa uhaba wa mafundi. Iliporomoka kwa uhaba wa watu wanaojua kumtafuta mwenye mzigo, kumwekea bei, kumpa neno la kweli na kumshika asiondoke. Watu wa aina hiyo hatuwaandai, na reli mpya inakuja.

Ndiyo maana kwa muda sasa nimekuwa nikifuatilia maisha ya kazi ya mtu ambaye sidhani jina lake lina mwenyeji hapa Kampala: Henry Posner III, Mmarekani wa Pittsburgh. Alisoma uhandisi wa ujenzi Princeton. Badala ya kuridhika na cheti hicho akaenda Wharton kusomea biashara, na akafanya kazi Conrail, shirika lililoundwa na serikali ya Marekani mwaka 1976 kuokota mabaki ya reli zilizofilisika upande wa kaskazini mashariki. Nadhani shule yake ya tatu, na iliyokuwa kubwa kuliko zote, ilikuwa hiyo Conrail. Kwa miaka ya mwanzo shirika lilikula fedha za walipakodi bila kushiba. Mwaka 1980 ikapitishwa sheria iliyoziruhusu reli kupanga bei zenyewe, kuingia mikataba na wateja na kufunga matawi yasiyolipa. Reli zilikuwa zilezile na mataruma yaleyale, lakini kufikia 1987 shirika lilikuwa na sura ya kuvutia wanunuzi na serikali ikauza hisa zake sokoni. Kijana mhandisi aliyeyaona hayo kwa macho yake hawezi tena kuamini kwamba reli inaponywa kwa nyundo peke yake.

Mwaka huohuo wa 1987 ikaanzishwa Railroad Development Corporation, kwa kifupi RDC, ambayo yeye ni mwenyekiti wake. Kazi ya kampuni hiyo ina ukaidi fulani: kutafuta reli ambazo wengine wamezikatia tamaa, kuingia na wabia, kuziendesha. Ukifuata orodha ya mahali ilipopita utadhani ni mtihani wa jiografia. Ina hisa katika Ferrocarril Central Andino ya Peru, inayopanda milima ya Andes hadi zaidi ya mita 4,700 juu ya usawa wa bahari. Inamiliki Iowa Interstate huko Marekani katikati, kwenye nchi ya mahindi. Ujerumani iliendesha treni za abiria kati ya Hamburg na Köln kuanzia 2012, na baadaye treni zinazobeba magari kwenda kisiwa cha Sylt. Na kwa kuwa mapenzi hayana dawa, mwaka 2006 Iowa Interstate ilipata kutoka China vichwa viwili vya treni za mvuke aina ya QJ, mambo ambayo mhasibu mwenye akili timamu asingeyaidhinisha. Lakini sura zinazonihusu mimi ni tatu: Guatemala, Malawi na Estonia. Katika zote tatu reli ilitembea, na katika zote tatu kampuni hatimaye ikaondoka.

Guatemala kwanza, maana hapo ndipo penye darasa refu. Reli ya taifa, geji nyembamba ya milimita 914, ilisimama kabisa mwaka 1996. Mwaka uliofuata RDC ikashinda zabuni ya kuiendesha kwa miaka 50, na mwaka 1999 treni za mizigo zikaanza tena kutembea. Hesabu ya Posner na wenzake haikutegemea nauli ya shehena tu. Waliitazama ile kanda ndefu ya ardhi inayofuata reli kutoka mji mkuu hadi bandarini, wakaona kuna pesa: nyaya za umeme, mabomba, maduka, kila anayetaka kupita au kukaa kando ya reli alipe kodi. Hebu linganisha na hapa. Ukipita Ndeeba au Namuwongo unaona reli inapenya katikati ya mbao, viazi vya kukaanga na nguo zilizoanikwa. Mwaka 2014 mamlaka ya jiji ilibomoa vibanda kwenye hifadhi ya reli. Kwa miaka yote hiyo ardhi ile tuliiona kama ugomvi kati ya mgambo na wachuuzi, na ni nadra kusikia mtu akiuliza ingeweza kuingiza kiasi gani kwa mwezi kama ingepangishwa kwa utaratibu, pamoja na hao hao wachuuzi.

Sijidanganyi kwamba mpango wao wa ardhi ulikwenda kama ulivyoandikwa. Guatemala nayo ilikuwa na watu waliokwisha kujenga kando ya reli, na serikali iliyoahidi kuwaondoa na kuchangia matengenezo ya njia ikaishia kuburuzana na kampuni kwenye usuluhishi mwaka 2005. Kisha Agosti 2006 likaja pigo lenyewe: serikali ikatangaza kwamba mkataba wa kutumia vichwa na mabehewa ya zamani ulikuwa na madhara kwa taifa, kwa kuwa ulikosa idhini fulani za juu. Hakuna reli iliyong'olewa siku hiyo wala treni iliyokamatwa. Lakini mwenye saruji na mwenye chuma walisoma tangazo lile kama sisi tunavyosoma tangazo la benki inayotiliwa shaka. Mwaka uliofuata treni zikasimama. RDC ikaenda kwenye baraza la usuluhishi wa migogoro ya uwekezaji lililo chini ya Benki ya Dunia, na mwaka 2012 ikashinda: baraza lilisema Guatemala haikuitendea kampuni ile kwa haki, ikaamuru fidia ya dola milioni 11 na ushei. Miaka mitano ya mawakili kwa dola milioni 11. Ushindi wa aina hiyo unamfaa nani?

Malawi ni habari ya nusu mbili. Desemba 1999 RDC na wabia wake walikabidhiwa reli ya Malawi, ambayo bila bandari ya Nacala upande wa Msumbiji ni kama mkono usio na kiganja. Upande wa Msumbiji ulikabidhiwa Januari 2005. Kwa miaka mitano mtu aliyekuwa na dhamana ya mzigo Malawi hakuwa na amri juu ya njia ya kwenda baharini, na katikati ya hayo, mwaka 2003, mafuriko yakalichukua daraja la Rivirivi. Mwaka 2008 RDC ikauza sehemu yake ikaondoka. Estonia ikawa na mwendo tofauti. Mwaka 2001 serikali iliuza asilimia 66 ya reli kwa muungano wa wawekezaji ambao RDC ilikuwamo. Vichwa vya General Electric vilivyotumika Marekani vikabadilishwa magurudumu yaendane na geji ya Kirusi, vikaletwa kuvuta mafuta ya Urusi hadi bandarini. Biashara ilikuwapo, kwa hiyo walipoondoka waliondoka wamelipwa: Januari 2007 serikali iliinunua reli yake tena.

Sasa turudi nyumbani, kwenye mwaka uleule wa 2006. Novemba ya mwaka huo Kenya na Uganda kwa pamoja zilikabidhi reli zao kwa Rift Valley Railways kwa miaka 25. Ilianza chini ya Sheltam ya Afrika Kusini, baadaye ikaja Citadel Capital ya Misri, na Wabrazili wa América Latina Logística wakaletwa kama mafundi wa uendeshaji. Mwaka 2014 vikaja vichwa 20 vya General Electric vilivyokarabatiwa Marekani, ndugu wa vile vya Estonia. Nakumbuka jinsi watu walivyovipiga picha. Mwaka 2017 Kenya ikauvunja mkataba, na kufikia mwanzoni mwa 2018 reli ya Uganda ilikuwa imerudi mikononi mwa shirika letu la reli, URC. Wengi wetu tukafunga kitabu kwa neno moja: wageni. Mimi neno hilo halinitoshi. Mgeni wa Estonia alileta vichwa vya mitumba na biashara ikaenda, kwa sababu kule upande wa pili wa mpaka kulikuwa na mwenye mafuta aliyehitaji bandari kila siku ya Mungu. Hapa vichwa vilifika, Hajati akaendelea kumpigia dereva wa lori.

Nimekulia kota za reli Tororo, baba yangu alikuwa gadi wa treni, kwa hiyo nikisema haya nasema nikiwa na mgonjwa nyumbani. Kiswahili changu hiki ni cha reli: stesheni masta alikuwa Mluo, dereva Mtesot, fundi wa karakana Mganda, na wote wakigombana kwa Kiswahili. Mtu ninayemkumbuka kuliko wote si dereva, ingawa watoto wote tulitaka kuwa dereva. Ni karani wa mizigo. Alikuwa na daftari kubwa lenye jalada gumu na nyuzi za pamba kwenye nywele, kwa sababu asubuhi kabla ya kufungua ofisi alipitia kwenye jineri, kiwanda cha kuchambua pamba, kuuliza leo kuna marobota mangapi. Hakungoja waje. Alijua nani ana mzigo wiki ijayo, nani anadaiwa, na nani amemkasirikia nani. Baba alikuwa akisema, bila karani yule mimi gadi nitapunga bendera hewani.

Lakini nikimsifu karani yule lazima niseme na upande mwingine, maana wazee wa reli tuna ugonjwa wa kutamani jana. Zama za Shirika la Reli la Afrika Mashariki, kabla Jumuiya haijavunjika mwaka 1977, mwenye lori alikuwa amebanwa na sheria za leseni ili asiinyang'anye reli shehena. Karani alikuwa hodari, ndiyo, ila alikuwa akicheza mpira timu pinzani ikiwa imefungwa miguu. Lori lilipofunguliwa, uhodari wa kijirani haukutosha tena. Ilihitajika elimu ya bei, ya mikataba ya muda mrefu, ya kujua gharama ya behewa kusimama siku moja. Elimu ile haikuja. Badala yake tukagawana mabehewa na Wakenya na Watanzania, tukaunda shirika letu, tukaendelea kuajiri wahandisi.

Chukua kalamu tufanye hesabu moja ndogo, kisha uniambie kama hili ni jambo la chuma. Katika msimu wa 2023/24 Uganda iliuza nje zaidi ya magunia milioni 6 ya kahawa ya kilo 60. Hizo ni tani 360,000 hivi. Treni ya mabehewa 20, kila behewa tani 40, inabeba tani 800, sawa na malori 28 au 29 ya trela. Gawanya: treni 450 kwa mwaka. Maana yake kahawa yote ya nchi hii, zao ambalo tunaapa kwa jina lake, tena ukiipata yote bila kumwachia mwenye lori gunia moja, ni treni moja na kipande kwa siku. Reli ya euro bilioni 2.7 hailipiwi na treni moja na kipande. Itabidi kutafuta saruji, ngano, mafuta, mbolea, chuma, na shehena za Kongo, Rwanda na Sudan Kusini zinazopita kwetu. Tena mzigo unaoingia ni mwingi kuliko unaotoka, kwa hiyo behewa linalopanda limejaa litateremka tupu isipokuwa kuna mtu amekesha akilitafutia cha kubeba. Behewa tupu linakula umeme, linakula magurudumu, linakula zamu ya dereva. Mwenye lori anayajua haya kwa mwili wake. Akishusha Kampala leo, jioni yuko kwenye simu anatafuta mzigo wa kurudi, hata kwa bei ya mafuta tu.

Waliochora njia ya Kasese walilijua hilo. Reli ilifika kule mwaka 1956 kwa sababu shaba ya Kilembe ilikuwa inaingoja. Mzigo ulitangulia, taruma likafuata. Shaba ilipokoma, njia nayo ikaanza kumezwa na nyasi, na hakuna mhandisi ambaye angeweza kuiokoa kwa kukaza boliti.

Nikimtazama Posner kwa jicho hili simwoni kama shujaa. Kuna mahali nadhani aliamini mno kwamba saini ya serikali ni ukuta, na mtu aliyefanya kazi Conrail, shirika lililozaliwa na kuuzwa na wanasiasa, alipaswa kujua kwamba ni pazia. Wala sisemi aitwe mgeni mwingine aje kutuokoa, wageni tumewajaribu. Ninachokitamani ni ile njia aliyopita: mhandisi anayejua uzito wa ekseli, na ambaye wakati huohuo anaweza kukaa na mwenye kiwanda cha saruji wakabishana bei ya tani hadi jioni, kisha akasoma mkataba wa kurasa 200 na kuona aya itakayomchinja mwaka wa saba. Watu wawili tofauti hawatoshi. Nimekaa kwenye mikutano ya aina hiyo: mhandisi anasema treni itaondoka saa nne, mtu wa masoko amemwahidi mteja saa mbili, na kila mmoja ana barua ya kumlaumu mwenzake.

Kwetu kuna kikwazo kimoja ambacho watu hawapendi kikitajwa, nacho ni heshima. Kijana akimaliza Makerere au Kyambogo akapata lile neno "Inj." mbele ya jina lake, kijiji kizima kinachinja mbuzi. Mwambie baada ya miaka mitano aache karakana ya reli ya Nalukolongo aende kugonga milango ya wenye maghala kuuliza wana mzigo gani, na mama yake atauliza amefanya kosa gani kazini. Kazi ya kuuza tumeifanya ya aliyefeli hesabu. Wakati huohuo zaidi ya asilimia 90 ya mizigo yetu inakwenda barabarani mikononi mwa watu wanaouza safari kwa ulimi na simu, wengi wao hawakumaliza sekondari, na reli yenye wahandisi waliosoma mpaka ulaya haijawapata.

Muda uliotajwa wa ujenzi ni miezi 48. Ni mingi ukiwa unangoja reli, ila si mingi ukiwa unatengeneza mtu. Ningekuwa na sauti pale wizarani ningechagua wahandisi vijana kumi, wasiozidi miaka 35, nisiwapeleke ng'ambo kwanza. Mwaka mmoja Mombasa, kwenye ofisi ya wakala wa forodha, wajifunze kontena linakwama kwa sababu zipi na nani hulipia kukwama kwake. Miezi mitatu ndani ya lori, kutoka bandarini hadi Juba na kurudi, wakila kwa mama lishe na kulala Malaba kwenye foleni. Baada ya hapo waende kusoma sheria ya mikataba na hesabu za biashara popote watakapo. Na kabla ya yote miezi sita Kikuubo, wakiwa wamekaa tu, wakisikiliza simu za watu.

Nimemweleza Hajati mpango huu. Anasema nafasi ya kukaa ipo, juu ya robota, lakini huyo injinia chai ajinunulie.